Jumatatu za Masijala

Mimi ni dobi. Nafua, nanyoosha, natia wanga kola za watu wasiojua hata naitwa nani, na kwa miaka thelathini sijamrudishia mteja nguo mbichi. Nayasema haya mapema kwa sababu kwenye jalada langu wameniandika kuwa ni mwanamke "asiye na mazingira yenye mpangilio." Aliyeandika hivyo alikuja kwangu na shati lililonyooshwa mbele tu, mgongo mzima makunyanzi. Niliyaona. Nikafyata mdomo, maana siku hiyo mambo ya mjukuu wangu yalikuwa kwenye kalamu yake.

Binti yangu alifariki kwa homa ya siku tano. Aliacha mtoto wa kike wa miaka mitatu, ambaye tangu azaliwe alikuwa akilala ubavuni kwangu, kwa kuwa mama yake alifanya kazi ya zamu kiwandani. Baba wa mtoto alishakula kona kabla hata tumbo halijaonekana. Kwa hiyo hapakuwa na swali mtoto akae na nani. Mimi ndivyo nilivyodhani.

Baada ya mazishi ofisi ya ustawi wa jamii ikaniambia ni lazima nithibitishwe kisheria kuwa mlezi, na wakati wanakagua, mtoto akakae kwenye nyumba ya watoto.

"Wiki mbili tu, mama," afisa aliniambia. "Ni utaratibu."

Nikamvalisha mtoto viatu mwenyewe. Nikamwambia nenda na huyu shangazi, bibi anakuja. Hakuna aliyeninyang'anya. Nilimkabidhi kwa mikono yangu hii, na hilo ndilo linalonikaba mpaka leo.

Afisa alikuja kukagua siku ya Alhamisi, siku ninayopokea mashuka ya nyumba za wageni. Chumba changu kilikuwa kimoja, kamba zimepita juu kutoka ukuta mpaka ukuta, na pasi ya mkaa iko sakafuni juu ya kigae, inafuka. Alikaa dakika ishirini, maji niliyompa hakunywa. Majibu yakaja kwa barua: chumba kimoja, pasi ya mkaa, hatari kwa mtoto, maombi yamekataliwa. Mtoto aliyeanza kutambaa akiizunguka pasi ile na hajawahi kuungua hata kidole.

Nikakata rufaa siku ya tatu. Bodi ya Rufaa iko ghorofa ya pili ya jengo la serikali, na karani wa masijala, yaani pale wanapotunza majalada, alinisomea masharti kwa upole, kama daktari. La kwanza, rufaa ikiwa haijaamuliwa, nisimtembelee mtoto, nisije nikamyumbisha. La pili, mlezi awe hajafikisha miaka sitini siku uamuzi unapotolewa.

"Una umri gani, mama?"

"Hamsini na tano na miezi kadhaa."

"Ah, basi huna wasiwasi."

Tukacheka wote wawili. Miaka minne na zaidi! Katika muda huo watu wanajenga ghorofa na kuhamia.

Karani huyo nilimpa jina Bwana Mhuri. Mtu mwembamba, wa makamo, soksi zake hazikuwahi kufanana rangi, na mhuri wake alikuwa akiupulizia pumzi kabla hajaugonga. Jengo zima lile, ni yeye peke yake aliyewahi kunipa kiti. Mwanangu wa kiume, yule mkubwa anayeishi mbali, alinipigia simu jioni ile ile na ushauri ambao kila mtu mtaani alikuja kuurudia.

"Mama, hizi ofisi ukinyamaza wanakusahau. Usiwape nafasi. Kila wiki waione sura yako mpaka wakuchoke."

Kuchoka ndiyo kazi rahisi kwangu, na kuchosha watu vilevile. Nikachagua Jumatatu. Jumatatu asubuhi naloweka nguo nyeupe, na zikishaloweka hazinihitaji mpaka mchana. Basi naivua aproni, najifunga kitambaa safi, natembea mpaka ghorofa ya pili, nasimama dirishani.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Jalada langu?"

"Lipo kwenye foleni. Ngoja nilitoe."

Analitoa. Anafungua ukurasa wa mwisho, anaandika tarehe, anaandika: mrufani amefika kuulizia. Anapulizia mhuri, anagonga, analirudisha rafuni.

"Nimeandika, mama. Umefanya vizuri kuja."

Na mimi narudi nyumbani nimetulia kidogo, najiona mtu wa maana, mtu anayehangaikia mambo yake. Mwezi wa nane nikahamia vyumba viwili, nikanunua pasi ya umeme, ile ya mkaa nikampa muuza vyuma chakavu. Nikapeleka barua ya mwenye nyumba na picha ya chumba cha mtoto. Bwana Mhuri akaziweka ndani ya jalada, akaandika, akagonga.

Mwaka wa kwanza ukaisha. Bodi inakaa mara moja kila miezi miwili, na kila ikikaa inasikiliza rufaa sita au saba. Majina hubandikwa ukutani. Nilijifunza kuusoma ukuta ule kwa mbali, bila miwani, kwa kutafuta tu umbo la jina langu, na kila mara halikuwepo.

Mwaka wa pili nilivunja sharti. Nilikwenda kwenye nyumba ya watoto nikasimama nje ya uzio, upande wa jikoni. Walikuwa wanacheza. Nilimtambua kwa mwendo, mguu wa kushoto anauvuta kidogo, ndivyo alivyotembea mama yake. Nikaita. Akaja mbio, akashika nyaya za uzio kwa vidole vyote, akalia kwa sauti ambayo sijawahi kuisikia kwa mtoto. Alilia tu na kutikisa uzio. Matroni akatoka, mama wa heshima, hakunifokea. Alimbandua kidole kimoja kimoja.

"Bibi, usimfanyie hivi," aliniambia. "Wiki nzima hatakula. Njoo na karatasi, nitakufungulia geti mwenyewe."

Sikurudi tena. Najua mtu atauliza kwa nini. Kwa sababu nilimwona anavyolia, ndiyo sababu.

Mwaka wa tatu jina la dereva mmoja wa malori likabandikwa ukutani. Nilimfahamu. Alileta rufaa yake ya leseni mwaka mzima baada yangu, tulikaa benchi moja siku hiyo, kisha akasafiri, na sikumwona tena pale dirishani. Hata mara moja. Sasa anaitwa. Nilimkuta ngazini siku ya kusikilizwa nikampa za uso mbele za watu.

"Umempa nani kitu kidogo? Nitajie na mimi nikampe!"

"Mama, wallahi sijampa mtu. Mimi nilishasahau hata kama nilikata rufaa. Wameniita kwa barua."

"Umesahau wakakukumbuka! Wewe una bahati ya kununua."

Nilimtukana mtu wa watu bure. Akashuka ngazi ameinamisha kichwa.

Nikazidisha juhudi. Badala ya Jumatatu tu, miezi mingine nilikwenda na Alhamisi. Nililia dirishani, nikapiga magoti dirishani, siku moja nikakataa kuondoka mpaka mlinzi akaja akanishika mkono kwa adabu. Bwana Mhuri aliandika yote. Wateja wangu walianza kunong'ona kwamba bibi dobi amechanganyikiwa, anaongea na mashati. Ni kweli nilikuwa naongea nayo. Nilikuwa nafanya mazoezi ya nitakachosema mbele ya Bodi.

Ilipobaki miezi mitatu nifikishe sitini, maji yalikuwa yamenifika shingoni. Usingizi haupo, chakula hakipiti. Nikaanza kuunguza nguo. Na nguo iliyoniokoa ilikuwa nayo nusura niiunguze: joho la wakili mmoja, mwanamke kijana mwenye haraka, aliyekuwa akiniletea joho lake na zile tai nyeupe za mahakamani kila Ijumaa, siku zote lina doa la chai kifuani. Alifika nikiwa nimeishika pasi hewani, machozi yanadondokea joho lake.

"Bibi, hilo nitalivaa Jumatatu mbele ya jaji. Kuna nini?"

Nikamweleza. Sikuwa nimepanga kumweleza, mdomo ulifunguka wenyewe. Alisikiliza amesimama, kisha akakaa juu ya kapu la nguo chafu, akauliza tarehe, moja baada ya nyingine, akaziandika kwenye kiganja.

"Miaka minne hawajakuita hata mara moja?"

"Hata mara moja."

"Na hujakwenda Mahakama Kuu?"

"Kufanya nini? Kesi yangu iko Bodi."

"Ndiyo. Tunaenda kuiomba mahakama iiamuru Bodi ifanye kazi yake. Sikiliza bibi, nisikudanganye. Jaji hatakupa mtoto, hawezi kuamua badala ya Bodi. Anachoweza ni kuwaambia waamue, na kwa tarehe. Wakisema ndiyo, wakisema hapana, lakini waseme."

"Na wakisema hapana?"

"Tutakuwa na hapana ya kupigana nayo. Sasa hivi unapigana na hewa."

Nikamuuliza atanitoza nini. Akaangalia doa la chai kwenye joho, akasema nitamfulia mpaka astaafu, na kwa jinsi anavyokunywa chai, mimi ndiye nitakayepata hasara. Nilicheka. Nilikuwa sijacheka tangu sijui lini, na nilivyocheka nikalia tena.

Maombi yakapelekwa. Hata mahakama nayo ina foleni yake, lakini wakili aliandika juu kabisa neno DHARURA, akaandika na tarehe yangu ya kuzaliwa, na tukapewa siku. Siku hiyo ilipofika nilikuwa nimebakiwa na siku kumi na saba.

Nilidhani mahakama ni mahali pa kelele. Pako kimya, feni linazunguka juu, watu wanageuza karatasi. Jaji alikuwa mwanamke mtu mzima, mnene, ambaye alisikiliza akiwa amefumba macho mpaka nikahisi amelala. Bwana Mhuri alikuwepo, amekaa nyuma na jalada langu mapajani, limefungwa kamba, nene kuliko nilivyowahi kuliona likiwa rafuni. Alinipungia mkono. Nikampungia.

Wakili wa serikali akasimama akasoma kiapo cha msajili wa Bodi. Aliposoma sikuelewa kwa mara ya kwanza, kwa hiyo nitaeleza nilivyokuja kuelewa. Msajili aliapa kwamba Bodi haijachelewesha chochote. Alisema majalada hupangwa rafuni kwa kufuata tarehe ya mara ya mwisho kushughulikiwa. Lililokaa muda mrefu bila kuguswa ndilo linalotangulia mbele ya Bodi, ili pasiwepo jalada lililosahaulika. Lililoguswa karibuni linakaa mwisho. Na jalada la mwombaji, alisoma, limeshughulikiwa mara mia mbili na arobaini na sita, mara ya mwisho ikiwa Jumatatu iliyopita.

Jaji akafumbua macho.

"Limeshughulikiwa namna gani?"

Wakili wa serikali akageuza karatasi. "Limeulizwa, Mheshimiwa."

"Nani aliliuliza?"

"Mwombaji mwenyewe."

"Kwa hiyo kila alipokuja kuuliza zamu yake itafika lini, mlimrudisha mwisho wa foleni."

"Hakurudishwa kwa makusudi, Mheshimiwa. Ni rafu tu."

"Ni rafu," jaji alisema. Akavua miwani, akaifuta polepole kwa ncha ya joho. "Na kama asingekuja kabisa? Kama angekaa nyumbani kwake akafua nguo zake, angesikilizwa lini?"

Yule bwana akainama kunong'onezana na Bwana Mhuri. Walichukua muda. Aliponyanyuka, sauti yake ilikuwa imeshuka.

"Baada ya miezi tisa, Mheshimiwa."

"Miezi tisa kuanzia leo?"

"Tangu alipokata rufaa."

Watu wananijua mimi kwa mdomo. Wakili wangu alinishika goti, alidhani nitapasuka mle ndani. Sikupasuka. Nilikaa tu pale nikihesabu. Miezi tisa. Mtoto angekuwa hajafikisha miaka minne. Angekuwa bado anasema "bibi" kwa kuirudia mara tatu kama alivyozoea. Na aliyemzuia si yule afisa wa shati lenye makunyanzi, wala si Bodi, wala si serikali. Nilikuwa mimi, na kitambaa changu safi kichwani, kila Jumatatu, kwa miguu yangu mwenyewe.

Jaji aliandika amri palepale. Bodi isikilize rufaa na kutoa uamuzi ndani ya siku kumi na nne. Majalada yote ya masijala yapangwe upya kwa tarehe ya kufunguliwa. Na mwananchi kuulizia haki yake, alisema akimtazama wakili wa serikali, kusihesabiwe tena kuwa ni kazi iliyofanyika. Kulikuwa na watu wengine nyuma yetu, wenye rufaa zao, wakapiga makofi mpaka wakanyamazishwa. Ukumbini nje walinikumbatia. Bibi umetuokoa, bibi Mungu akupe maisha marefu. Mimi nilitaka ukuta wa kuegemea tu.

Bwana Mhuri alinifuata pale ukutani. Macho mekundu, jalada amelikumbatia.

"Mama, mimi niliandika kila ulipokuja. Nilitaka siku wakilifungua waone ulivyohangaika."

"Ulikuwa unajua rafu inavyopangwa?"

"Rafu naipanga mimi, mama. Kila Ijumaa."

"Sasa?"

"Yalikuwa mambo mawili. Kuandika ni dirishani. Kupanga ni Ijumaa. Sikuwahi kuyaweka pamoja."

Mkono wangu uliinuka. Nakiri uliinuka, na wakili aliuona. Lakini nilimtazama yule mtu na soksi zake mbili za rangi tofauti, nikajua hanidanganyi. Angekuwa na ubaya ningempiga nikapona. Hakuwa na ubaya wowote. Nikaushusha mkono, nikamwambia, "Nenda kapange rafu yako." Akaenda.

Jioni nilimpigia mwanangu simu nikamweleza. Akasema, "Mama, ni mimi niliyekwambia uwasumbue." Nikamwambia hapana, hata usingeniambia ningekwenda. Na hiyo ni kweli. Ningekwenda tu, ningekaaje?

Ndani ya zile siku kumi na nne kulikuwa na Jumatatu mbili. Amri ilishatolewa, kwenda kuulizia kusingedhuru kitu, lakini niliiogopa ile njia kuliko ninavyoogopa nyoka. Jumatatu ya kwanza nililoweka nguo nyeupe, nikakaa kwenye kigoda, na saa yangu ya kwenda ilipofika miguu ikaanza kucheza yenyewe. Nikaishika kwa mikono miwili. Jirani aliyekuja kuchukua sketi yake ya kazini alinikuta hivyo, akauliza kama ni baridi yabisi.

Siku ya kumi na nne, saa tatu asubuhi, tulikuwa ghorofa ya pili. Wajumbe wawili wamefika, mwenyekiti hajafika. Saa nne hajafika. Saa sita tukaambiwa ana udhuru na shauri litapangiwa tarehe nyingine. Nilikuwa nimebakiwa na siku tatu. Wakili wangu hakupandisha sauti. Alitoa nakala ya amri, akaiweka mezani kwa msajili, akavaa joho lake pale pale ofisini, akiwa anafunga vifungo kimoja kimoja.

"Naenda kumwambia jaji kwamba amri yake imedharauliwa," alisema. "Atataka jina la mtu. Nitaje la nani, la mwenyekiti au lako?"

Saa tisa alasiri mwenyekiti akaingia, jasho linamtiririka, anaomba radhi kwa foleni ya magari.

Wakafungua jalada. Mwenyekiti alifunua kurasa, na nikawa naona kwa upande wangu wa meza mistari ile inavyopita: mrufani amefika kuulizia, mrufani amefika kuulizia, mhuri juu ya mhuri. Alifunua muda mrefu kabla ya kufika kwenye ripoti ya ukaguzi.

"Tatizo lilikuwa hii pasi ya mkaa?"

"Na chumba kimoja," mjumbe mwingine aliongeza.

"Mama, hiyo pasi bado unayo?"

"Niliitoa miaka mitatu na zaidi iliyopita. Nina vyumba viwili. Barua imo humo ndani, na picha."

Akafunua tena. Akaipata barua, akaisoma, akawapa wenzake. Wakanong'ona. Mjumbe mmoja akauliza nina tatizo la presha, nikasema sina, ingawa wakati huo moyo ulikuwa unanipiga masikioni. Mwenyekiti akaanza kuandika huku akisoma kwa sauti: rufaa imekubaliwa, mrufani anathibitishwa kuwa mlezi, mtoto akabidhiwe mara moja. Wakili aliangalia saa. Kuanzia kufungua jalada mpaka kuweka sahihi ilikuwa dakika kumi na moja.

"Mama, hongera," mwenyekiti alisema. Akafunga kalamu. "Na kwa kweli hili lilikuwa jambo dogo. Una lolote la kusema?"

Yale maneno niliyoyafanyia mazoezi kwa mashati ya watu, miaka minne, yalikuwa mengi na makali, na mengine ya kumtukania mtu mama yake. Hayakuja. Nilisema, "Niliambiwa wiki mbili." Wakasubiri niendelee, lakini nilikuwa nimemaliza.

Asubuhi yake nilikwenda kwenye nyumba ya watoto peke yangu. Wakili alitaka kunisindikiza, nikakataa. Nilitaka twende nyumbani wawili, mimi na yeye, kwa miguu, nimuulize anapenda nini siku hizi. Karatasi ilikuwa ndani ya bahasha, na bahasha ilikuwa kifuani, ndani ya nguo. Kwenye geti mlinzi alisoma, akasoma tena, akaniambia nipite mpaka barazani, matroni anamwogesha mtoto mchanga, atakuja.

Pale wana desturi. Watoto wanaojua kusoma wanapeana zamu ya baraza. Mgeni akija, mwenye zamu anamsalimia, anamuuliza amemfuata nani, kisha anakimbia kwenda kumwita. Aliyekuwa zamu alikuwa amekaa kwenye ngazi na daftari la wageni magotini. Akainuka, akaja, na mguu wa kushoto akauvuta kidogo.

Meno ya mbele mawili yalikuwa yameng'oka na mapya yanaota. Nywele walikuwa wamezinyoa. Shati la sare lilikuwa kubwa, limefuliwa kwa sabuni mbaya na halijawahi kuona pasi.

"Shikamoo bibi," alisema.

Moyo ukanilipuka kwa lile neno. Lakini aliniita bibi kama mtoto yeyote anavyomwita mwanamke wa umri wangu.

"Marahaba, mama."

"Karibu. Umekuja kumchukua nani nikamwite?"

Alikuwa ameshika kalamu tayari kuandika, adabu tupu, wanamlea vizuri, siwezi kusema vingine. Nilijaribu kupiga magoti nilingane naye, magoti yakakataa. Nikamtajia jina lake, lile nililompa mimi siku ya tatu ya kuzaliwa kwake, lote, na la mama yake nyuma.

Hakuandika. Alinitazama usoni, akageuka kutazama nyuma yake, kisha akanitazama tena.

"Hapa mwenye jina hilo ni mimi peke yangu," alisema, akasimama pale na daftari lake, akisubiri niseme nimekosea.